Mwani umekufa, spika zinaimba: uchambuzi wa kisa kimoja cha Bagamoyo

## Kuhusu kisa hiki

Maelezo haya yameandikwa kwa ajili ya waratibu wa maonyesho, wasanii na mafundi wanaoanza kushika kazi zenye viumbe hai na kompyuta ndani yake. Majina yameondolewa, likiwemo la ukumbi, la kijiji na la mfadhili, na mambo madogo yamebadilishwa ili wahusika wasitambulike. Nimezungumza na watatu kati yao, kila mmoja kwa wakati wake: msanii, mratibu wa ukumbi, na mkulima wa mwani ambaye hapa nitamwita Mama, kwa kuwa ndivyo wote pale ukumbini walivyokuwa wakimwita. Pale waliposimulia tofauti, nimesema.

## Msingi wa kazi

Msanii ni kijana wa Dar es Salaam aliyeanzia kwenye muziki wa kompyuta. Kazi iliyomtambulisha ilikuwa mlangilangi ndani ya chungu, majani yake yamebanwa vibanio viwili vinavyopitisha umeme mdogo sana. Jani likiguswa, likipungukiwa maji au likipigwa jua, umeme unaopita ndani yake hubadilika. Ubao mdogo wa kielektroniki uitwao Arduino husoma badiliko hilo, na programu kwenye kompyuta huligeuza kuwa noti. Mbinu hiyo hakuivumbua yeye. Imeenea duniani, na vifaa vyake havigharimu sana. Alichoongeza ni kuzifanya noti ziende kwa mahadhi ya taarabu, na watu wa pwani wakaipenda.

Ukumbi ukamwalika afanye kazi mpya yenye bahari ndani yake, ionyeshwe kwa majuma matatu. Jengo lenyewe ni la mawe ya matumbawe na chokaa katika Mji Mkongwe wa Bagamoyo: kuta nene, madirisha madogo, baridi asubuhi na tanuri ifikapo alasiri. Akachagua mwani.

Uchaguzi huo ulikuwa na mantiki. Kilimo cha mwani kwa biashara kilianza kushika Zanzibar mwaka 1989, kikavuka kuja pwani ya Bara, na wanaokifanya kwa wingi ni wanawake. Vipande vya mbegu hufungwa kwenye kamba kwa taitai, kamba zikatandazwa kati ya vigingi kwenye maji mafupi. Kazi hufanyika wakati wa bamvua, bahari inapokupwa mbali tangu asubuhi. Baada ya wiki 6 hivi mwani huvunwa, huanikwa, husafirishwa nje, na huko hukamuliwa karajini, ule ute unaofanya dawa ya meno isijitenge na aiskrimu isiwe maji. Kuna aina mbili kuu: kotonii, yenye bei nzuri na roho nyepesi, na spinosamu, yenye bei ndogo lakini ngumu kufa. Msanii alipewa spinosamu. Alitaka watu wa mjini wausikie mwani ambao siku zote wanauona umeanikwa tu, na bango likaandikwa: "Sikiliza mwani ukiimba".

Kibali cha onyesho kilipatikana mapema bila shida, kwa hiyo sitakaa hapo. Mambo yaliyokuja kuleta matatizo yaliamuliwa katika juma moja la maandalizi, na kila moja lilikuwa na sababu ya kueleweka.

Kwanza, tangi la kioo la lita zipatazo 200 liliwekwa ndani, katikati ya chumba chenye giza, ili projekta ionyeshe mawimbi ya rangi ukutani na spika zisisumbue majirani. Taa za zambarau zilielekezwa kwenye maji kwa sababu kwenye picha mwani ulionekana kung'aa. Pili, msanii alitumia mbinu ileile ya mlangilangi: vibanio viwili vya chuma kisichoshika kutu, vimebana matawi ya mwani chini ya maji. Tatu, aliandika kwenye programu yake kipengele cha akiba. Ishara ikikatika kwa sekunde chache, kompyuta icheze vipimo vilivyorekodiwa siku ya ufunguzi mpaka ishara irudi. Umeme hukatika, vibanio huchomoka, na hakuna mratibu anayependa mgeni aingie akute kimya.

Mama aliingia kwenye mpango kama muuzaji. Aliombwa alete kamba tatu za mwani mbichi, akalipwa kwa bei ya shambani, akapewa mwaliko wa ufunguzi. Alipoliona tangi aliuliza swali moja: "Maji yatakuwa yanapita wapi?" Akaonyeshwa pampu ya mapovu, ile ya samaki wa urembo. Anasema hakuridhika, lakini hakuulizwa zaidi, naye hakuona kuwa ni pahala pake kusema.

## Kilichotokea

Ilikuwa kaskazi, mwezi Februari. Ufunguzi ulifana. Wageni waligundua wenyewe kwamba ukipeleka mkono karibu na kioo, sauti inabadilika. Watoto wakapanga foleni kuusalimia mwani, nao "ukawaitikia". Mratibu anakumbuka hii kama siku bora ya mwaka kwake.

Katika siku zilizofuata maji ya tangi yalianza kupungua kwa mvuke. Walinzi, kwa nia njema kabisa, walikuwa wakichota maji baharini na kujazia. Mchana chumba kilipata joto, na kwa kuwa milango ilifungwa ili giza libaki, joto halikuwa na pa kutokea. Siku ya tano umeme ulikatika usiku, pampu ikalala mpaka alfajiri. Hakuna aliyeandika lolote kwenye daftari la zamu, kwa sababu asubuhi mitambo iliwaka yenyewe na spika zikaimba kama jana.

Siku ya sita msanii aliona ncha za matawi zimepauka. Chini ya taa ya zambarau, weupe ule ulikuwa mzuri wa kuangalia, na akapiga picha. Picha hizo bado anazo, amenionyesha. Mtu anayejua mwani angetambua hapohapo kinachoendelea. Mwani ukizidiwa na joto, na maji yakatulia, hugeuka mweupe kipande kwa kipande, ukalegea, ukakatika. Wakulima wamekuwa wakipambana na jambo hilo kwa miaka mingi sasa, na ndilo mojawapo ya yaliyowafanya wengi waachane na kotonii.

Siku ya nane Mama alifika na wenzake wawili. Bamvua ilikuwa imepita na shughuli za shambani zimepungua, basi wakasema waje waone mwani wao unavyoimba. Walimkuta msanii akiwaeleza wanafunzi wa sekondari. Wakasalimiana, shikamoo na marahaba, wakasimama nyuma wakisikiliza. Maelezo yalipokwisha Mama aliomba ruhusa, akakunja mkono wa dera, akatumbukiza mkono ndani ya tangi.

Alivunja tawi. Mwani mzima ukiuvunja hukatika kwa mlio, kama bamia changa. Ule ulikunjika tu. Akausugua kwa kidole gumba na cha shahada mpaka ngozi ikatoka kama utelezi, akanusa, akampa mwenzake naye anuse. Halafu akamwambia msanii, kwa sauti ya kawaida kabisa:

"Mwanangu, huu umekufa tangu juzi. Sasa anayeimba ni nani?"

Wanafunzi walicheka. Mwalimu wao akawatoa nje. Msanii anasema kwa kitambo hakuwa na jibu, kwa sababu spika zilikuwa zinaendelea, na mkono wa Mama majini ulikuwa unazifanya ziimbe kwa nguvu zaidi.

Baada ya wageni kuondoka alifanya jaribio ambalo kila mwenye kazi ya namna hii angepaswa kulijua. Aliutoa mwani wote kwenye tangi, akarudisha vibanio vikiwa vitupu kwenye maji matupu, akawasha. Sauti ilikuwa karibu ileile. Akapeleka mkono kwenye kioo, ikabadilika vilevile. Akazima programu ya akiba, akagundua kutoka kwenye kumbukumbu za kompyuta kwamba kwa saa kadhaa za siku ya sita na ya saba walichokuwa wanasikia wageni hakikuwa hata maji ya siku hiyo. Ilikuwa rekodi ya ufunguzi inajirudia, kibanio kimoja kikiwa kimechomoka.

## Maamuzi na sababu zake

Walikaa kikao jioni ileile: msanii, mratibu, fundi, na Mama ambaye msanii alisisitiza asiondoke. Kulikuwa na wageni wa mfadhili waliotarajiwa Jumamosi.

Pendekezo la mratibu lilikuwa kuleta mwani mpya alfajiri, kuusafisha mfumo, na kuendelea. Funika kombe, mwanaharamu apite. Naye si mtu wa hila. Alikuwa na mkataba, tiketi zilizouzwa na shule zilizopangiwa siku, na hoja yake ilikuwa kwamba hakuna aliyedhurika: watu wamefurahi, kazi ni sanaa, na sanaa haiapi mahakamani. Hoja hiyo ina uzito kuliko inavyosikika. Kazi nyingi nzuri zinaigiza.

Msanii alikataa kwa sababu moja. Bango halikusema "sauti zilizochochewa na mwani". Lilisema mwani unaimba, na wanafunzi walikuwa wameelezwa kwamba wanachosikia ni kiumbe kilichoko mbele yao, wakati huo. Angesema tangu mwanzo kwamba ni maigizo, asingekuwa na neno.

Mama alikuwa na lake, na halikuhusu muziki. Mpango wa awali ulikuwa kwamba siku ya kufunga, mwani urudishwe baharini kwa maandamano madogo na ngoma. Alipinga moja kwa moja. Mwani uliougua haurudi shambani, kwa kuwa maradhi hayachagui kamba ya nani. Uanikwe juani ukauke kabisa, ufukiwe mbali na maji. Hilo halikujadiliwa hata dakika moja, na maandamano yakafutwa.

Yaliyoamuliwa ni haya. Chumba kifungwe kwa siku mbili na mlangoni liwekwe tangazo lenye kueleza ukweli: mwani umekufa, sauti mliyosikia haikutoka kwake, tunatengeneza upya. Mfadhili apigiwe simu usiku uleule kabla hajasikia kwa watu. Tangi litoke gizani liende barazani, penye mwanga wa jua chini ya turubai la kivuli na upepo wa bahari. Mama aajiriwe kama mwangalizi, aje asubuhi na jioni au amtume binti yake, na awe na mamlaka ya maandishi ya kufunga onyesho bila kumwuliza mtu. Na vibanio vitupwe, kitafutwe kitu kinachopima uhai wenyewe.

Hilo la mwisho lilitatuliwa na mwalimu mmoja wa mambo ya samaki aliyeazima kipima oksijeni ya majini na kifaa cha kupimia chumvi. Chumvi ya tangi ilikuwa gramu 42 kwa kila kilo ya maji, wakati bahari kwa kawaida ina 35 hivi. Hapo ndipo walinzi walipoelewa kwamba maji yakipanda kwa mvuke, chumvi hubaki. Ukijazia maji ya bahari unaongeza chumvi juu ya chumvi. Kinachotakiwa kujaziwa ni maji baridi, yaani yasiyo na chumvi, mpaka kwenye alama iliyochorwa kwenye kioo.

## Kazi ilivyobadilika

Mwani, kama majani ya nchi kavu, hutengeneza chakula kwa mwanga wa jua na kutoa oksijeni. Usiku hauitoi, unaivuta. Kwenye tangi dogo mzunguko huo unaonekana wazi. Maji ya bahari ya joto la nyuzi 29 au 30 yakiachwa wazi hushika takriban miligramu 6 za oksijeni kwa lita. Mwani mzima kwenye mwanga mzuri huipandisha juu ya hapo alasiri, na alfajiri huwa imeshuka chini. Mwani unaooza hauipandishi. Wadudu wadogo wanaoula huila oksijeni mchana kutwa, na mstari unashuka tu.

Msanii alijenga sauti mpya juu ya mstari huo mmoja. Uvumi wa chini asubuhi, unaopanda polepole mno hadi kufika juu kabisa kama saa tisa alasiri, kisha unarudi. Programu ya akiba iliondolewa, na kipimo kikikosekana, spika zinanyamaza na taa ndogo nyekundu inawaka.

Kulikuwa na kikwazo ambacho ningependa mafundi wakiangalie. Pampu ya mapovu ililazimika kuondoka. Mapovu hulazimisha oksijeni ya maji ilingane na ya hewani, kwa hiyo yanafuta kilekile unachotaka kupima. Lakini bila mwendo wa maji mwani unakufa, maana hauna mizizi: kila kitu hupitia kwenye ngozi yake, na maji yakisimama, chakula huisha pembeni mwa tawi. Wakaweka pampu ndogo inayozungusha maji chini bila kuvuruga uso. Projekta na mawimbi yake ya rangi yalifia hapo, kwa sababu barazani hapana giza.

## Matokeo

Wageni walipungua. Wapo waliofika wakitaka mwani unaoitikia mkono, wakakuta sauti inayobadilika kwa kasi ya kivuli, wakaondoka baada ya dakika tatu. Baadhi waliona tangazo la mlangoni kama sehemu ya sanaa yenyewe, jambo lililomkera mratibu na kumchekesha msanii. Ukumbi ulikubali tiketi moja itumike asubuhi na alasiri ya siku hiyohiyo, na waliorudi mara ya pili ndio walioisikia kazi. Shule iliyoshuhudia tukio la siku ya nane iliomba kurudi, na mwalimu akaigeuza ziara hiyo kuwa somo la biolojia.

Wageni wa mfadhili walikuja Jumamosi kama ilivyopangwa. Kuhusu waliyoyasema, mratibu na msanii wananisimulia tofauti: mmoja anakumbuka ubaridi, mwingine anakumbuka maswali mazuri. Ruzuku haikukatwa.

Mwani wa pili ulidumu karibu hadi mwisho. Juma la mwisho, joto lilipozidi, ncha kadhaa zilianza kupauka na mstari wa oksijeni ukalegea kabla macho ya kawaida hayajaona kitu. Mama alifunga onyesho siku nzima, akakata matawi mabaya, akaongeza kivuli, akafungua kesho yake. Mratibu anakiri kwamba siku ile alitamani kumpigia simu amwombe afungue mapema, na kwamba karatasi iliyosainiwa ndiyo iliyomzuia.

## Uchambuzi: kilichopimwa hasa

Nianze na ufundi, maana hapa ndipo kazi nyingi za namna hii zinapotelea bila mtu kujua.

Mbinu ya vibanio inafanya kazi kwenye mlangilangi kwa sababu jani limezungukwa na hewa. Umeme hauna njia nyingine ila kupita ndani ya jani. Ukilipeleka wazo hilohilo ndani ya maji ya bahari, umeme unapata barabara pana kuliko mwani: maji ya chumvi hupitisha umeme makumi ya mara kuliko maji ya bomba, na huzunguka tawi kila upande. Kilichosomwa wiki ile ya kwanza kilikuwa joto la maji, chumvi yake, vibanio vinavyoanza kulika, na mtetemo wa pampu. Mkono wa mgeni ulibadilisha sauti kwa sababu mwili wa mtu hunasa mawimbi ya umeme wa majumbani, yale yanayopiga mara 50 kwa sekunde, na kuyaingiza kwenye saketi dhaifu. Watoto walikuwa wanajisikia wenyewe.

Jambo hili lingeweza kuwa kazi nzuri, kama lingesemwa lilivyo. Mwaka 1992 Christa Sommerer na Laurent Mignonneau walitengeneza kazi ambamo mtu akikaribia au kugusa mimea halisi ndani ya vyungu, mimea ya kuchorwa na kompyuta inaota kwenye skrini kubwa. Pale mmea ni mlango tu wa kuipokea ishara ya mgeni, na mgeni anajua ni yeye anayeiotesha picha. Kazi hiyo haidai kwamba mmea unatoa habari zake. Kisa chetu kilianguka kwenye dai lake, zaidi ya kuanguka kwenye nyaya.

Jaribio la kutoa kiumbe na kuacha mtambo lilichukua chini ya saa moja na halikuhitaji kifaa chochote cha kununua. Lilipaswa kufanywa kabla ya bango kuchapwa. Kwa maoni yangu ukumbi wowote unaopokea kazi inayodai kusikilizisha uhai uombe jambo hilo kwa maandishi: tuonyeshe kifaa chako kinasema nini kiumbe kikiwa hakipo, na kinasema nini kikiwa kimekufa. Msanii akishindwa kutofautisha hali hizo tatu kwa sauti, basi mgeni naye hawezi, na maelezo ya ukutani yabadilike.

Programu ya akiba ni suala jingine. Mafundi wa maonyesho huipenda, na kwenye kazi za video haina ubaya. Kwenye kazi yenye kiumbe inaficha dalili. Kimya cha siku ya sita kingemleta fundi mbio, angegusa tangi, angehisi joto. Badala yake mfumo ulifanya kazi yake barabara: ulihakikisha hakuna anayegundua. Mapendekezo ya kutumia akiba yaende sambamba na taa au maandishi yanayomwambia mgeni kwamba anachosikia ni cha jana.

## Uchambuzi: nani mwenye kufunga mlango

Mwaka 2008, kwenye maonyesho ya MoMA, jumba la makumbusho ya sanaa mjini New York, Oron Catts na Ionat Zurr walionyesha kikoti kidogo kilichooteshwa kwa chembe hai za panya ndani ya chombo cha maabara. Chembe zilikua haraka kuliko ilivyotarajiwa, na mratibu wa maonyesho, Paola Antonelli, ndiye aliyeamua mtambo uzimwe. Kisa hicho hutajwa sana kwenye mijadala ya sanaa ya viumbe hai, kwa sababu kilimweka mtu wa makumbusho mahali asipozoea: kukata uhai wa kitu kilichoko kwenye orodha yake ya vitu vya kutunza.

Bagamoyo swali lilikuja kwa mlango mwingine. Hapakuwa na aliyepewa kazi ya kuamua, na aliyejua hakuwa na cheo. Msanii alijua programu, mratibu alijua ukumbi, fundi alijua nyaya. Mwani ulijulikana na mtu aliyelipwa kwa kilo. Swali lake la siku ya kwanza, maji yatapita wapi, lilikuwa ndilo tathmini nzima ya kitaalamu ya kazi ile, na lilijibiwa kwa kuonyeshwa pampu.

Kinachonisumbua ni kwamba ujuzi haukuwa mbali hata kidogo. Huu ni mji wenye chuo cha TaSUBa kwa upande wa sanaa na chuo cha uvuvi pale Mbegani kwa upande wa bahari, na vijiji vyenye wanawake waliolima mwani tangu ujana wao. Ni miji michache nchini yenye bahati hiyo ya kuwa na vyote kwa mwendo wa bodaboda. Hata hivyo bajeti ya mwanzo ilikuwa na fungu la projekta, fungu la spika na fungu la chakula cha ufunguzi, ila la mtu wa kuangalia kiumbe halikuwepo. Mwangalizi alipolipwa, gharama yake kwa majuma yaliyobaki ilikuwa ndogo kuliko kukodi projekta ambayo haikutumika tena.

Mamlaka ya Mama yalifanya kazi kwa sababu yaliandikwa. Heshima alikuwa nayo tangu mwanzo, wote walimwita Mama na kumwamkia. Haikumpa uwezo wa kuzima spika. Watu wa pwani tunajua kumheshimu mtu na kumpitisha pembeni kwa wakati mmoja, na sidhani kama kisa hiki ni cha peke yake kwa hilo.

Kuhamisha tangi barazani ndio uamuzi ninaouona bora kuliko yote, ingawa uligharimu uzuri wa picha. Mpaka hapo mwani ulikuwa umelazimishwa kufuata mahitaji ya projekta: giza, milango iliyofungwa, taa za rangi. Baada ya hapo vifaa ndivyo vilivyofuata mahitaji ya mwani. Ambacho sikubaliani nacho ni tiketi ya mara mbili kutangazwa kama zawadi. Kazi inayobadilika mara moja kwa siku haionekani kwa dakika kumi, na hilo lilitakiwa kuelezwa wazi getini, pengine na kochi la kukalia, kuliko kumwachia mgeni aone kwamba ameibiwa.

## Yasiyokwisha

Msanii ameanza kualikwa na sauti hizo kwingineko, bila tangi, rekodi peke yake. Kikundi cha akina mama kimeomba sehemu ya malipo kila zinapochezwa, kwa hoja kwamba mbegu ilikuwa yao na uangalizi ulikuwa wao. Msanii amekubali kimsingi. Aliuliza kama rekodi za juma la kwanza nazo ziingizwe kwenye makubaliano, na Mama akazikataa: zile ni za maji, hawana dai nazo. Asilimia yenyewe ilikuwa bado inajadiliwa nilipozungumza nao mara ya mwisho, pamoja na suala la nani atashika pesa za kikundi na kama binti wa Mama, aliyefanya zamu nyingi za jioni, ahesabiwe peke yake.